Amduat: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu kitabu cha saa kumi na mbili za usiku

Ukurasa huu unajibu maswali yanayojirudia kuhusu Amduat, andiko la kale la Misri linalofuata safari ya jua kuanzia machweo hadi alfajiri. Maswali yamepewa namba ili jibu moja likuelekeze kwa jingine. Kama hujawahi kulisikia andiko hili, anza na swali la 1. Kama umeshasimama mbele ya picha yake na hujui pa kuanzia, nenda moja kwa moja swali la 12.

## Mambo ya msingi

1. Amduat ni nini?

Ni andiko lenye picha na maneno, lililogawanywa katika saa kumi na mbili za usiku. Katika kila saa mungu jua, Ra, anapita eneo moja la Duat kwa mashua, anakutana na wakazi wake, anawapa mwanga na chakula, kisha anasonga mbele. Jina "Amduat" maana yake ni "kilichomo Duat". Wamisri wenyewe waliliita "andiko la chumba kilichofichwa".

Watu wengi hulichukulia kama ramani ya nchi ya wafu. Ramani imo, lakini uti wa mgongo wa andiko ni saa. Kila mahali pametajwa kwa saa yake, na kila saa ni mungu wa kike mwenye jina. Wa saa ya kwanza anaitwa "Anayeponda vipaji vya nyuso vya maadui wa Ra". Wa saa ya kumi na mbili, "Anayeuona uzuri wa Ra". Ukilisoma kama ramani tu, utajua mambo yako wapi bila kujua kwa nini yamepangwa hivyo.

2. Lina umri gani?

Vipande vya zamani zaidi tulivyonavyo ni vya mwanzoni mwa nasaba ya 18, yapata miaka 3,500 iliyopita. Nakala kamili za kwanza ni mbili, na zote ni za zama za mfalme Thutmose III (takriban 1479 hadi 1425 KK). Moja iko katika kaburi lake mwenyewe, KV34, kwenye Bonde la Wafalme, ng'ambo ya magharibi ya Luxor. Nyingine iko katika kaburi la waziri wake Useramun, TT61. Kaburi la KV34 lilifunguliwa na Victor Loret mwaka 1898.

Kama andiko lilitungwa wakati huohuo au lilikuwepo kabla, wataalamu bado wanabishana. Ushahidi mmoja unaohusika umeelezwa katika swali la 13.

3. Je, Duat ni kuzimu?

Ndiyo kwa kiasi, na hapana kwa kiasi. Neno "kuzimu" linatufaa kwa sababu Duat ni makao ya wafu na iko gizani. Linatupotosha kwa sababu Duat haiko chini ya ardhi peke yake. Wamisri waliiweka pia ndani ya mwili wa Nut, mungu wa kike wa anga, anayelimeza jua jioni na kulizaa asubuhi. Waliiweka pia katika maji ya Nun, yale yaliyokuwepo kabla ya kitu chochote kuumbwa, na ambayo bado yanauzunguka ulimwengu.

Kwa hiyo jua linapozama haliendi chini tu, linarudi nyuma pia, kuelekea kabla ya mwanzo. Hilo ndilo jambo la kulishika kabla ya kuendelea. Katika ukurasa huu tunaliacha neno Duat kama lilivyo.

4. Kwa nini linaitwa andiko la kichawi?

Kwa sababu linajitangaza kuwa na nguvu ya kutenda. Nguvu hiyo Wamisri waliiita heka, na Heka ni mungu pia. Haikuwa kitu cha siri ya uovu, ilikuwa nguvu iliyotumika kuumba dunia.

Hata hivyo usitafute humo maneno ya kunuia, kama "sema hivi mara nne". Uchawi wa Amduat ni wa kujua. Utangulizi wake ni orodha ya mambo ya kuyajua: kuwajua ba (roho) wa Duat, kuyajua malango na njia apitazo mungu mkuu, kuzijua saa na miungu yake, kuwajua waliostawi na walioangamizwa. Baadaye andiko linataja faida moja moja. Kwa mfano, anayeijua picha ya saa ya saba ni mtu ambaye Mwenye Uso wa Kutisha hayanywi maji yake. Pia linasema kwamba maarifa haya yanamfaa mtu angali duniani, na kwamba yamethibitika mara milioni.

## Wakati na tabaka zake

5. Kwa nini watu husema wakati katika Amduat una tabaka?

Kwa sababu katika usiku mmoja andiko linaendesha nyakati kadhaa kwa pamoja, moja juu ya nyingine.

Ya juu kabisa ni saa za kawaida, zile alizozihesabu kuhani juu ya paa la hekalu kwa kutazama nyota. Chini yake kuna umri wa jua: Ra anaingia magharibi akiwa mzee na kutoka mashariki akiwa mtoto, kwa hiyo saa kumi na mbili ni uhai mzima. Chini zaidi kuna wakati wa wafu, ambao huamka mashua inapofika kwao na hulala inapopita (swali la 20). Na chini ya yote kuna Nun, ambako wakati haujaanza.

Mashua inazipenya tabaka hizi kwa kushuka. Saa ya kwanza hadi ya tatu bado kuna maji, mashamba na nafaka. Saa ya nne na ya tano ni jangwa. Saa ya sita ni kina cha mwisho. Kuanzia hapo ni kupanda.

6. Neheh na djet ni nini, na tofauti yake ni ipi?

Ni maneno mawili ya Kimisri ambayo sisi huyafasiri yote mawili kama "milele". Ukisoma tafsiri inayosema "milele na milele" au "daima dawamu", mara nyingi nyuma yake kuna neheh na djet, na tofauti yao imemezwa.

Neheh ni wakati unaojirudia: kucha na kuchwa, mafuriko ya mto kila mwaka, mwezi kuandama. Huandikwa kwa alama ya jua katikati ya alama mbili za utambi uliosokotwa. Ni wakati wa Ra. Djet ni wakati wa kilichokamilika na kubaki: jiwe, maiti iliyohifadhiwa, tendo ambalo haliwezi tena kutenduliwa. Huandikwa kwa alama ya fira, na chini kuna alama ya ardhi. Ni wakati wa Osiris, mungu wa wafu. Sura ya 17 ya Kitabu cha Wafu inasema vyote vilivyopo ni neheh na djet, na kwamba neheh ni mchana na djet ni usiku.

Kosa la kawaida ni kuzifanya neheh kuwa "wakati" na djet kuwa "kutokuwa na wakati". Zote mbili ni wakati. Kosa la pili ni kuona moja ni bora. Jua lisilolala huchakaa, na maiti isiyofikiwa na jua hubaki maiti. Amduat nzima imejengwa ili hizi mbili zikutane mara moja kila usiku, na mahali pa kukutania ni saa ya sita (swali la 9).

7. Saa moja ya Amduat ni dakika ngapi?

Haina dakika maalumu. Wamisri waligawa usiku katika sehemu kumi na mbili, na mchana kumi na mbili, bila kujali urefu wake. Katika latitudo ya Luxor, saa moja ya usiku huwa takriban dakika 67 katikati ya majira ya baridi, na takriban dakika 52 katikati ya kiangazi. Saa ya maji ya zamani zaidi iliyosalia, ya alabasta, kutoka Karnak, ya zama za Amenhotep III, inakabili tatizo hili kwa kuchorewa ndani safu kumi na mbili za vipimo, moja kwa kila mwezi.

Msomaji wa Kiswahili ana bahati hapa. Saa ya kwanza ya Amduat ni saa moja usiku yetu, na ya kumi na mbili ni saa kumi na mbili alfajiri. Huhitaji kujumlisha wala kutoa sita. Na tunapoziita saa za katikati "usiku wa manane", tunataja sehemu ileile ambayo andiko linaiweka kuwa ya hatari zaidi.

8. Vipimo vya iteru na dhiraa vina maana gani?

Iteru moja ni takriban kilomita 10.5. Dhiraa ya kifalme ni takriban sentimita 52. Vipimo vinavyotajwa sana ni hivi:

- Saa ya kwanza: iteru 120 kabla ya kuifikia miungu ya Duat, takriban kilomita 1,260.
- Saa ya pili, eneo la Wernes: urefu iteru 309, upana iteru 120. Saa ya tatu ina urefu huohuo.
- Saa ya saba, fungu la mchanga la Apep, nyoka adui wa Ra: dhiraa 440 kwa 440, karibu mita 230 kila upande.
- Saa ya kumi na mbili, nyoka anayepitiwa na mashua: dhiraa 1,300, karibu mita 680.

Ili kuona ukubwa, linganisha na orodha iliyochongwa katika kikanisa cheupe cha Senusret I huko Karnak, ambapo urefu wa Misri yote ni iteru 106. Yaani kabla jua halijakutana na mungu hata mmoja wa Duat, limeshapita umbali unaozidi nchi nzima. Kuanzia saa ya nne vipimo vya iteru hukoma, na sidhani ni sahau ya mwandishi. Kule chini umbali haupimiki tena kwa kipimo cha mto.

## Safari yenyewe

9. Nini hutokea katika kila saa?

Saa ya kwanza ni kizingiti. Nyani wanafungua milango na kumwimbia Ra, mafira kumi na wawili wanamulika giza. Ra sasa ana kichwa cha kondoo dume na anaitwa Mwili, maana kinachosafiri ni nyama iliyochoka. Saa ya pili ni nchi ya rutuba. Mashua nne ndogo zinatangulia, mojawapo imebeba mwezi na nyingine nafaka. Saa ya tatu ni maji ya Osiris.

Saa ya nne maji yanakatika. Hii ni Rosetau, nchi ya Sokar, mungu wa wafu aliye juu ya mchanga wake. Njia inapindapinda kushuka, milango inaikata, na mashua inageuka nyoka ili iweze kuteleza mchangani. Moto wa kinywa chake ndio mwanga pekee. Ra hawaoni wakazi wa huko. Wao wanaisikia sauti yake tu. Saa ya tano mashua inavutwa kwa kamba juu ya pango la Sokar. Ndani ya duara la yai mungu amesimama juu ya nyoka mwenye mabawa, chini yake kuna ziwa la moto, na juu ya kilima dundu Khepri anachungulia. Khepri ni jua la asubuhi. Bado saa saba kuche, naye keshajitokeza.

Saa ya sita, mashua inafika kwenye maji ya Nun. Maiti imelala imezungukwa na nyoka mwenye vichwa vitano, na dundu yuko juu ya kichwa chake. Ni maiti ya Ra na ni maiti ya Osiris kwa wakati mmoja. Ba wa Ra anaungana nayo: neheh inagusa djet. Hakuna vita wala kelele katika picha hii, na wasomaji wengi huipita haraka wakikimbilia nyoka mkubwa wa saa inayofuata. Tunakusihi usifanye hivyo. Mwanga uliozaliwa upya unaanzia hapa, si alfajiri.

Saa ya saba hatari inakuja palepale baada ya muungano, wakati uhai mpya ni mchanga. Apep ameyanywa maji yote, amejikunja juu ya fungu la mchanga, na mashua imekwama. Makasia na kamba havifai kitu. Isis anasimama kwenye omo pamoja na Heka Mzee, na kwa nguvu ya maneno yao mashua inasogea. Nyoka Mehen amejizungusha kumkinga Ra. Apep anafungwa kamba na kuchomwa visu, lakini hafi. Kesho usiku atakuwepo.

Saa ya nane ni ya nguo na sauti. Malango yanafunguka, waliomo wanaitikia mwito wa Ra, na masikio ya kibinadamu yanasikia kitu kingine: mvumo wa nyuki, mgongano wa vyuma, mngurumo wa fahali, mlio wa paka dume. Saa ya tisa wapo wapiga makasia kumi na wawili. Saa ya kumi wanaonekana watu waliozama majini, ambao hawakupata maziko. Horus anawaita na kuwaahidi kwamba miili yao haitaoza. Saa ya kumi na moja maadui wanateketezwa katika mashimo ya moto, na mambo ya wakati yanadhihirika (swali la 11). Saa ya kumi na mbili ni kuzaliwa (swali la 10).

10. Kwa nini katika saa ya mwisho mashua inaingia mkiani mwa nyoka na kutokea kinywani?

Kwa sababu hapo wakati unarudishwa nyuma. Nyoka anaitwa Uhai wa Miungu. Kitu kilichomezwa huingia kinywani na kwenda mkiani. Hiyo ni njia ya kuzeeka. Mashua inafuata njia ya kinyume. Ra na walio pamoja naye wanaingia mkiani wakiwa wazee waheshimiwa, waliopita zamani, na wanatoka kinywani wakiwa watoto. Miungu kumi na wawili wanavuta kamba kupitia mwilini mwa nyoka, na miungu wa kike wanaipokea.

Tazama vizuri ukingo wa mwisho wa picha. Juu, dundu anaruka kuelekea mikono ya Shu, mungu wa hewa. Chini, maiti ya Osiris imeegemea ukuta uliopinda. Yeye hatoki. Neheh imeondoka, djet imebaki, na mlango umefungwa kati yao mpaka jioni.

11. Je, wakati wenyewe umechorwa mahali fulani?

Ndiyo, zaidi ya mahali pamoja. Katika safu ya juu ya saa ya kumi na moja yupo mtu mwenye vichwa viwili, kimoja na taji jeupe na kingine na taji jekundu; jina lake lina maneno "bwana wa djet". Hapohapo kuna mungu wa kike aliyeketi juu ya nyoka anayechukua saa, na nyota zinazosimamia saa zilizopita. Saa haziishi hewani, zinaliwa.

Katika safu ya chini ya saa ya saba, Horus ameketi akizipanga nyota mahali pake, miungu kumi na wawili wa kiume na kumi na wawili wa kike wenye nyota kichwani. Utaona imewekwa saa ileile ambayo Apep anajaribu kuisimamisha mashua. Mashua ikisimama, hesabu ya saa inasimama.

Mfano wenye nguvu zaidi uko katika Kitabu cha Malango, ndugu mdogo wa Amduat (swali la 16). Katika saa yake ya nne nyoka Hereret anazaa nyoka kumi na wawili, na miungu wa saa wanawala.

## Kulisoma andiko

12. Nimesimama mbele ya picha. Nianzie wapi?

Tafuta mashua ya Ra kwanza. Ukurasa wa kila saa kwa kawaida una safu tatu za picha, na mashua iko katika safu ya kati, ambayo ni njia au mto wenyewe. Safu ya juu na ya chini ni kingo mbili. Ukiiona mashua, hesabu wanaoivuta au waliomo, kisha tazama Ra: yuko ndani ya kibanda, au amefunikwa na nyoka Mehen? Akiwa chini ya Mehen uko saa ya saba au baadaye. Omo ikigeuka kichwa cha nyoka na hakuna maji, uko saa ya nne au ya tano.

Saa ya tano inatoka nje ya utaratibu huu, kwa kuwa kilima na pango vinapenya safu zote. Usijaribu kuilazimisha.

Kwa maandishi, tahadhari moja itakuokolea siku nzima. Hieroglifu za kawaida husomwa kwa kukabili nyuso za ndege na watu. Sehemu kubwa ya Amduat imeandikwa kinyumenyume: nyuso zinatazama upande ambao nguzo za maandishi (mistari ya kusimama) zinaelekea, si zinakotoka. Ukianza kwa mazoea utaanzia mwisho wa sentensi. Dalili ni kwamba maneno ndani ya kila nguzo yanasomeka, lakini nguzo na nguzo haziungani. Ikitokea, hamia upande wa pili.

13. Wino mwekundu, na maneno "limekutwa limeharibika", vina maana gani?

Wino mwekundu hutenga vichwa na maelezo ya namna ya kutumia picha. Mweusi ni maandishi yenyewe. Katika KV34 kuta zina rangi ya mafunjo (karatasi ya kale ya Misri) yaliyozeeka, na watu wamechorwa kwa mistari myembamba kama vijiti, ili chumba kizima kionekane kama hati iliyokunjuliwa.

Katika baadhi ya sehemu mnakili ameandika maneno mawili mafupi, gem wesh, yaani "limekutwa limeharibika". Anakiri kwamba hati aliyokuwa akiinakili ilikuwa na tundu hapo. Kwa wanaoamini kuwa Amduat ni kongwe kuliko Thutmose III, hii ni hoja nzuri. Haitoshi kuhitimisha ni kongwe kiasi gani, kwa sababu mafunjo huharibika hata katika miaka hamsini.

14. Saa zipi zinapaswa kuwa ukutani wapi?

Andiko lenyewe linaagiza. Saa 1 hadi 4 ukuta wa magharibi, saa 5 na 6 kusini, saa 7 na 8 kaskazini, saa 9 hadi 12 mashariki. Chumba kinakuwa Duat ndogo, na jeneza la jiwe la mfalme linakuwa ndani ya usiku.

Ni KV34 inayolifuata agizo hili kwa uaminifu zaidi, katika chumba chenye kona za mviringo. Baadaye makaburi yalibadilika umbo, wachoraji wakazisambaza saa katika korido na vyumba vya pembeni. Ukiona mfuatano umevurugika katika kaburi la nasaba ya 19 au 20, usidhani kuna maana ya siri. Mara nyingi ukuta ulikuwa mfupi.

15. Toleo fupi ni lipi?

Ni muhtasari usio na picha, unaotaja kila saa, mungu wake, eneo na faida ya kuvijua. Linafaa kwa kukariri. Kwa anayeanza, soma saa moja katika toleo fupi kabla ya kuitazama picha yake.

## Maswali ya pembeni

16. Linatofautianaje na Kitabu cha Wafu na Kitabu cha Malango?

Kitabu cha Wafu ni mkusanyo wa sura ambazo marehemu anazisema mwenyewe, na mpangilio wake hubadilika toka hati hadi hati. Amduat ni simulizi moja isiyobadilishwa mfuatano, na msemaji wake si marehemu.

Kitabu cha Malango kinafuata saa kumi na mbili pia, lakini kila saa ina lango linalolindwa na nyoka. Kinaanza kuonekana katika kaburi la Horemheb, na jeneza la alabasta la Seti I lenye maandishi yake liko leo katika jumba la makumbusho la Sir John Soane, London. Kitabu cha Mapango hakigawanywi kwa saa kabisa. Kina sehemu sita.

17. Kwa nini katika kaburi la Tutankhamun kuna nyani kumi na wawili tu?

Hiyo ni dondoo ya saa ya kwanza, kwenye ukuta wa magharibi wa chumba cha maziko cha KV62. Katika andiko kamili nyani wa safu ya juu ni tisa. Hapa wamefanywa kumi na wawili, mmoja kwa kila saa ya usiku, ili saa moja isimamie zote. Ukinakili picha ya kaburi hilo usiite "saa ya kwanza ya Amduat" bila maelezo.

18. Kwa nini hati za mafunjo huwa na saa nne za mwisho tu?

Katika nasaba ya 21 makuhani wa Amun huko Thebes walianza kuzikwa na Amduat ya mafunjo, na nyingi zina saa ya 9 hadi ya 12 pekee. Nafasi ilikuwa ndogo, wakachagua sehemu ya ushindi na kuzaliwa. Matokeo yake ni kwamba anayelijua andiko kupitia hati hizi hajawahi kuiona saa ya sita. Kabla ya hapo lilikuwa mali ya wafalme. Useramun ni tofauti ya pekee. Zama za mwisho lilirudi juu ya majeneza ya jiwe, kama lile la Nectanebo II lililoko British Museum.

19. Je, linaweza kumrudisha mtu nyuma katika wakati?

Hapana, na halijaahidi hivyo. Kinachorudi kuwa kichanga ni jua, pamoja na walio ndani ya mashua yake, na kinarudi ili siku inayofuata iwepo. Jana haifunguliwi. Kwa maana ya djet, lililotendeka limekamilika (swali la 6). Mtu anayekuuzia "ibada ya Amduat ya kubadilisha yaliyopita" hajalisoma.

Kulisoma kwa sauti au kulikariri hakukatazwi na chochote ndani yake. Andiko linataka lijulikane. Ukitaka njia iliyo karibu na nia yake, soma saa moja kila jioni kwa siku kumi na mbili, kwa mfuatano, bila kuruka ya nne na ya tano kwa kuwa ni kavu. Ukavu ndio maudhui yake.

20. Wafu wanaishi vipi mashua ikishapita?

Ra anapofika, milango inajifungua, wafu wanaamka, wanavaa, wanakula, wanapewa mashamba. Kwao muda huo mfupi ni maisha yote. Hivyo ndivyo wataalamu wengi wanavyoufasiri, ukizingatia kwamba kila saa inawagawia ardhi, mavazi na kazi kana kwamba ni umri mzima. Kisha mashua inasonga, giza linawafunika, milango inafungwa nyuma yake. Andiko linasema wanalia kwa maombolezo wanapoisikia ikifungwa.